Jina Juu ya Makala ya Utafiti: Nani Anastahili, na kwa Kazi Ipi?

Mwaka 1969 jarida la Physics Education la Uingereza lilichapa makala fupi yenye majina mawili juu yake. La kwanza ni la Erasto Mpemba, ambaye wakati huo alikuwa mwanafunzi wa chuo cha wanyamapori karibu na Moshi. La pili ni la Denis Osborne, mwanafizikia wa Dar es Salaam, enzi hizo chuo cha Dar es Salaam kikiwa bado sehemu ya Chuo Kikuu cha Afrika Mashariki. Kijana asiye na shahada yuko mbele, daktari wa fizikia yuko nyuma.

Msomaji makini atasema hapo hapana ajabu, kwani M hutangulia O katika alfabeti. Ni kweli, na ndiyo maana mpangilio wa majina peke yake hautuambii mengi. Ya maana yamo ndani. Makala ile ina sauti mbili. Katika sehemu ya kwanza Mpemba anasimulia mwenyewe jinsi mwaka 1963, akiwa kidato cha tatu Magamba, Lushoto, wanafunzi walivyokuwa wakitengeneza aiskrimu kwa maziwa. Siku moja aliogopa kukosa nafasi kwenye jokofu, akayaingiza maziwa yake yakiwa bado ya moto. Yaliganda kabla ya maziwa ya mwenzake ambayo hayakuchemshwa kabisa. Alipomwuliza mwalimu, aliambiwa amechanganyikiwa. Alipofika Mkwawa, Iringa, akauliza tena, na mwalimu mwingine akamjibu kwamba hiyo ni fizikia ya Mpemba, si fizikia ya ulimwengu. Kisha Osborne anapokea kijiti. Anaeleza alivyoalikwa Mkwawa kuzungumza na wanafunzi, Mpemba alivyosimama na swali lake huku wenzake wakicheka, yeye mwenyewe alivyodhani kijana amekosea, na majaribio yaliyofanyika baada ya kurudi Dar es Salaam.

Wanafizikia bado wanabishana kama maji ya moto kweli huganda kwanza, na katika mazingira gani. Lakini nani aliuliza na nani alipima, hilo halina mjadala, kwa sababu makala yenyewe inasema. Osborne angeweza kulichukua swali, kufanya majaribio, kuandika peke yake, na mwishoni kumshukuru "mwanafunzi mmoja wa Mkwawa". Kwa desturi za wakati ule hakuna ambaye angemlaumu. Leo jambo lile, tunaloliita athari ya Mpemba, lingekuwa na jina la Osborne, na Mpemba tusingemjua.

Naanza na kisa hiki kwa sababu mjadala wa majina kwenye machapisho ya kitaaluma mara nyingi huanzia kwenye kanuni, halafu watu wanapotea humo. Swali lenyewe ni fupi: nani alifanya nini? Mengine yote ni njia za kulijibu au za kulikwepa.

Kinachotuvuruga kwanza ni neno "mwandishi". Katika lugha ya kila siku mwandishi ni aliyeandika. Katika sayansi, mtu anaweza kuitwa mwandishi wa makala ambayo hakuiandikia hata sentensi moja, kwa kuwa alibuni jaribio au alichambua takwimu. Na anaweza kuiandika yote, neno kwa neno, kisha asiitwe mwandishi, kwa kuwa alilipwa kunyoosha lugha tu. Jina la juu ya makala hubeba mizigo miwili kwa pamoja. Mmoja ni sifa: huyu ndiye wa kupongezwa, kupandishwa cheo, kupewa fedha za utafiti unaofuata. Wa pili ni wajibu: huyu ndiye wa kuulizwa ikigundulika kwamba takwimu zina kasoro. Watu wengi hugombania mzigo wa kwanza na kuusahau wa pili, mpaka siku makala inapoondolewa jaridani kwa udanganyifu, na kila mmoja anaanza kusema, "Mimi nilisoma rasimu tu."

Vyuoni kwetu mzigo wa sifa una uzito wa mkate. Mhadhiri hapandi cheo bila machapisho, na machapisho huhesabiwa. Mwanafunzi wa uzamivu anayetafuta nafasi ya kusoma nje huulizwa amechapisha nini na jina lake liko la ngapi. Kwa hiyo anayesema majina si kitu, kazi ndiyo muhimu, kwa kawaida ni mtu ambaye jina lake limeshakaa mahali pazuri.

Mpangilio wa majina nao una lugha yake, na lugha hiyo hubadilika kutoka taaluma moja hadi nyingine. Katika tiba na biolojia, wa kwanza ndiye aliyebeba kazi yenyewe, na wa mwisho ni mkubwa wa maabara au mtafiti mkuu. Nafasi hizi mbili ndizo zenye heshima, na wa katikati hupungukiwa kadiri orodha inavyorefuka. Katika hisabati na uchumi, desturi ni alfabeti, basi. Mhadhiri wa uchumi aitwaye Zuberi atakuwa wa mwisho maisha yake yote bila kosa lolote, na akihukumiwa na kamati ya wanabiolojia, wanaweza kumdhania kuwa ndiye mkubwa wa maabara. Kuna pia mwandishi wa mawasiliano, ambaye anwani yake hutajwa na ndiye anayejibizana na wahariri. Wengine huihesabu nafasi hiyo kama cheo, wengine kama kazi ya karani.

Wahariri wa majarida ya tiba walijaribu mapema kuweka utaratibu. Kikundi chao kilikutana mara ya kwanza mwaka 1978 katika mji wa Vancouver, Kanada, na kikaja kuwa Kamati ya Kimataifa ya Wahariri wa Majarida ya Tiba. Kanuni zao ndizo zinazonukuliwa kuliko zote, hata nje ya tiba. Leo zina masharti manne. Uwe umechangia kwa kiasi kikubwa kubuni utafiti, au kupata takwimu, kuzichambua au kuzifasiri. Uwe umeandika rasimu au kuipitia kwa jicho la kitaalamu. Uwe umeidhinisha nakala ya mwisho. Na uwe umekubali kuwajibika kwa kazi yote, sharti lililoongezwa mwaka 2013. Yote manne yatimie. Kutafuta fedha peke yake hakutoshi, wala kuwa mkuu wa idara. Asiyetimiza yote hutajwa kwenye shukrani.

Ukisoma haraka, masharti haya yanaonekana ya haki kabisa. Tatizo liko kwenye sharti la pili, na hapa naomba tukae kidogo, maana ndipo watu wengi wa kwetu wanapoangukia.

Nitoe mfano ninaoujua kwa karibu. Niliwahi kufanya kazi ya udodosaji kwenye mradi mmoja wa malaria huko pwani. Dodoso liliandikwa kwa Kiingereza, likatafsiriwa ofisini, tukakabidhiwa. Swali moja liliuliza kama mtoto aliwahi kupata malaria kali katika miezi iliyopita. Akina mama wakawa wanajibu hapana, nyumba baada ya nyumba. Dada mmoja tuliyekuwa naye, mdodosaji mwenye elimu ya kidato cha nne, mzaliwa wa kijiji cha jirani, ndiye aliyeshtuka. Alitueleza kwamba wale akina mama hawadanganyi. Watoto wao walipata degedege, na kwao degedege si malaria. Ni ugonjwa mwingine, wenye asili yake na waganga wake. Alipendekeza degedege liulizwe peke yake, kwa jina lake. Msimamizi wa uwandani alikubali, dodoso likabadilishwa, na majibu yakabadilika. Majedwali yote yaliyofuata yalisimama juu ya badiliko lile.

Makala ilipotoka, yeye hakuwemo. Kwenye shukrani paliandikwa kwamba wadodosaji wote wanashukuriwa.

Tupime kwa masharti manne. La kwanza amelitimiza bila shaka: amechangia namna takwimu zilivyopatikana, tena kwa akili na si kwa miguu tu. La pili hakulitimiza, kwa kuwa hakuandika wala kupitia rasimu. Kwa nini hakupitia? Kwa sababu hakutumiwa rasimu. Akishindwa la pili, la tatu na la nne hayafiki. Ndivyo kanuni inavyogeuzwa mlango: hukuandika, kwa hiyo wewe si mwandishi, na hukualikwa kuandika, kwa kuwa wewe si mwandishi.

Jambo ambalo wengi hawalijui, na ningependa kila msaidizi wa utafiti alijue, ni kwamba waandishi wa kanuni hizo waliliona shimo hili. Wameandika wazi kwamba masharti yasitumike kama kisingizio cha kumnyima uandishi mtu aliyetimiza la kwanza kwa kumkosesha nafasi ya kutimiza la pili au la tatu. Kila aliyetimiza la kwanza anapaswa kupewa nafasi ya kushiriki kupitia rasimu, kuiandika na kuiidhinisha. Kwa hiyo bosi anayesema "kanuni haziruhusu" amesoma nusu ya ukurasa. Kanuni zinamtaka atume rasimu.

Utaniuliza kuhusu lugha. Kama makala iko kwa Kiingereza kigumu, yule dada angeipitiaje? Angeketi na mtu, akaelezwa kwa Kiswahili kilichoandikwa kuhusu degedege, akasema kama ndivyo ilivyokuwa au sivyo. Hiyo ni saa moja ya kazi, na nathubutu kusema ingekuwa tathmini yenye manufaa kuliko maoni ya wahakiki wengi wa majarida.

Kisa kikubwa zaidi cha namna hii kiko Kenya. Agosti 1984, karibu na mto Nariokotome, magharibi mwa Ziwa Turkana, Kamoya Kimeu aliona kipande kidogo cha fuvu kikiwa kimejificha kati ya changarawe zenye rangi kama yake. Watu wengine wangepita. Yeye alisimama. Pale palifukuliwa mifupa ya kijana aliyeishi takriban miaka milioni 1.5 iliyopita, anayejulikana duniani kama Kijana wa Turkana, mmoja wa mifupa iliyokamilika kuliko yote ya binadamu wa kale. Mwaka uliofuata, jarida la Nature lilichapa makala ya kuutangaza ugunduzi huo. Ilikuwa na waandishi wanne: Frank Brown, John Harris, Richard Leakey na Alan Walker. Kamoya hayumo kati yao.

Sisemi kwamba hakuheshimiwa. Mwaka 1985 alipokea medali ya National Geographic kutoka kwa Rais Reagan kule Ikulu ya Marekani. Kuna nyani wa kale aliyepewa jina la kisayansi la Kamoyapithecus kwa ajili yake. Alipofariki mwaka 2022, magazeti ya dunia yalimwandika kama mmoja wa watafutaji bora wa visukuku waliowahi kuishi. Medali ni heshima, lakini makala ndiyo kumbukumbu ambayo wanasayansi huinukuu. Atakayenukuu ugunduzi ule mwaka 2084 ataandika "Brown na wenzake", na Kamoya hatakuwa hata miongoni mwa hao wenzake.

Kuna watakaotetea: kuona mfupa si kufanya sayansi, ni jicho tu. Mimi nadhani hoja hiyo haimjui mtu anayetafuta visukuku. Kujua tabaka lipi la mchanga lina umri gani, kutofautisha mfupa wa swala na wa binadamu ukiwa umesimama, kuamua leo tupite bonde hili na si lile, hayo ni maarifa yaliyokusanywa kwa miaka mingi. Yangekuwa yamepatikana chuoni tungeyaita utaalamu.

Kongo nako kuna jeraha kama hilo. Mwaka 1976 daktari Jean-Jacques Muyembe alitumwa Yambuku, kaskazini mwa nchi, kuchunguza ugonjwa uliokuwa ukiua watu hospitalini kwa masista. Alichukua damu za wagonjwa kwa mikono mitupu. Sampuli za mlipuko ule zilipelekwa Ulaya na Marekani, na Machi 1977 jarida la The Lancet lilichapa makala tatu kuhusu virusi vipya, kutoka maabara za Antwerp (Ubelgiji), Porton Down (Uingereza) na Atlanta (Marekani). Jina la Muyembe halipo kwenye hata moja kati ya hizo tatu. Kwa miongo kadhaa wagunduzi wa Ebola waliotajwa walikuwa Wazungu, naye alikuwa daktari wa Kikongo aliyekuwepo. Kumrudishia nafasi yake kumechukua zaidi ya miaka 40.

Je, hayo yamekwisha? Mwaka 2019 jarida la BMJ Global Health lilichapa uchambuzi wa makala 7,100 za utafiti wa afya uliofanyika Afrika kusini mwa Sahara kati ya 2014 na 2016. Kwa jumla, asilimia 52.9 ya waandishi wa kwanza walitoka katika nchi iliyochunguzwa. Lakini kwenye makala zilizokuwa na washirika kutoka vyuo vikuu vinavyoongoza Marekani, kiwango hicho kilishuka hadi asilimia 23. Majina ya wenyeji yalikuwepo, ila katikati ya orodha, pale ambapo macho ya kamati za vyeo hayafiki. Ndiyo sababu mkutano wa dunia kuhusu uadilifu wa utafiti uliofanyika Cape Town mwaka 2022 ulitoa tamko lake likitaka ushirikiano wa haki kati ya nchi tajiri na maskini, na baadhi ya majarida makubwa sasa huwataka waandishi waeleze wazi jinsi watafiti wenyeji walivyoshiriki.

Ila tusiielekeze lawama yote ng'ambo. Majina huibwa hata humu ndani, na mara nyingi huibwa kwa adabu. Mwanafunzi anamaliza tasnifu, anaandika makala, halafu anaambiwa aongeze jina la mkuu wa kitengo "kwa heshima". Mkuu hajaisoma. Hakuna aliyemlazimisha mtu kwa fimbo. Mtoto anaogopa kuonekana hana shukrani kwa mzee aliyemfungulia mlango. Huu ndio uandishi wa zawadi, na madhara yake si ya kufikirika. Kila jina la bure huipunguzia thamani ile kazi ya aliyeitoa jasho, na huongeza mtu wa kuwajibika ambaye hajui anawajibikia nini.

Hata utani unaweza kuumiza. Mwaka 1948 Ralph Alpher, mwanafunzi wa uzamivu mjini Washington, aliandika na msimamizi wake George Gamow kuhusu asili ya elementi za kemia mwanzoni mwa ulimwengu. Gamow aliona majina yao yanakaribia herufi za Kigiriki alfa na gama, akaongeza katikati jina la rafiki yake Hans Bethe ili beta ipatikane, ingawa Bethe hakuwa ameshiriki kazi ile. Makala ilitoka tarehe 1 Aprili. Wengi walicheka. Alpher hakucheka; aliona kwamba msomaji akikutana na majina mawili makubwa na la mwanafunzi, atadhani kazi ni ya wakubwa, na ndivyo ilivyokuwa kwa miaka mingi.

Kinyume cha zawadi ni uandishi wa kivuli, mtu aliyefanya kazi halafu akafichwa. Kampuni ya dawa inaweza kumlipa mwandishi stadi aandike makala, kisha wakatafutwa maprofesa wa kuweka majina yao. Hapo msomaji ananyimwa jambo analohitaji sana kulijua, yaani maneno haya yametoka kwa nani na nani aliyalipia.

Msimamizi wa tasnifu, kwa upande wake, mara nyingi anastahili kuwemo, na haki yake apewe. Amesaidia kuchonga swali, amesahihisha mbinu, amesoma rasimu mara sita. Kinachozozaniwa ni nafasi ya kwanza. Chama cha Wanasaikolojia cha Marekani kimeliweka kwenye kanuni zake za maadili: makala inayotokana kwa kiasi kikubwa na tasnifu ya uzamivu ya mwanafunzi imtaje mwanafunzi kama mwandishi mkuu, isipokuwa kwa sababu za pekee kabisa. Sioni kwa nini vyuo vyetu visiiweke sentensi kama hiyo kwenye miongozo ya uzamili na uzamivu.

Sasa, orodha zenyewe zimevimba kiasi kwamba nafasi ya kwanza na ya mwisho hazitoshi tena. Mwaka 2015 timu mbili za CERN, maabara ya fizikia iliyo karibu na Geneva, zilichapa pamoja kipimo cha uzito wa chembe ya Higgs. Makala ilikuwa na waandishi 5,154. Kati ya kurasa 33, sayansi na marejeo yake vilichukua 9. Zilizobaki zilikuwa majina na taasisi. Hapo "mwandishi" lina maana gani? Kila mmoja alichangia kitu, lakini orodha haisemi kitu gani.

Jibu lililopata wafuasi wengi ni kuacha kutegemea mpangilio na kutaja majukumu, kama filamu inavyofanya mwishoni: huyu kamera, huyu sauti, huyu mwongozaji. Wazo lilianza kujadiliwa kwenye kikao cha Harvard mwaka 2012, kwa ushirikiano na shirika la Wellcome Trust, likazaa orodha iitwayo CRediT, ambayo mwaka 2022 ilifanywa kiwango rasmi nchini Marekani. Ina majukumu 14: kubuni wazo, mbinu, programu za kompyuta, uthibitishaji, uchambuzi, uchunguzi wenyewe wa maabara au uwandani, utoaji wa vifaa na sampuli, utunzaji wa data, uandishi wa rasimu ya kwanza, upitiaji na uhariri, michoro, usimamizi wa kitaaluma, uendeshaji wa mradi, na utafutaji wa fedha. Mtu mmoja anaweza kuwa na majukumu kadhaa, na jukumu moja linaweza kuwa na watu kadhaa. Majarida mengi makubwa sasa huidai orodha hiyo wakati wa kuwasilisha makala.

Ninaipenda, kwa sababu inarudisha kile Mpemba na Osborne walichofanya kwa simulizi. Mtakwimu hutambulika kama mtakwimu. Aliyetafuta fedha hutambulika kwa kutafuta fedha na haigeuzwi kuwa fikra. Profesa ambaye mbele ya jina lake panabaki "usimamizi" pekee, kwenye makala ishirini kwa mwaka, anaonekana.

Lakini isichukuliwe kuwa dawa ya kila kitu. Haisemi nani awe mwandishi. Huja baada ya uamuzi huo. Haisemi kiasi, ingawa inaruhusu kuongeza kama mtu aliongoza, alishiriki sawa au alisaidia. Na imebuniwa na watu wa maabara na majarida, wala si na watu wa vijijini. Hakuna jukumu la tafsiri ndani yake. Hakuna jukumu la kukaa na mwenyekiti wa kijiji siku tatu mpaka akubali watu wake watolewe damu. Kazi ya yule dada wa degedege ingebidi iingizwe kwenye "mbinu", na kwa maoni yangu ndipo inapostahili. Lakini lazima awepo mtu mezani wa kulisema hilo.

Jambo jingine dogo linalotugusa ni majina yetu yenyewe. Kanzidata za machapisho hudhani kila mtu ana jina la ukoo mwishoni. Mtanzania anayetumia jina lake, la baba na la babu anaweza kuonekana kama watu watatu tofauti kulingana na jarida lilivyomkata, na mwanamke aliyebadili jina baada ya ndoa akapoteza nusu ya kazi zake. Namba ya ORCID, yenye tarakimu 16, ilianzishwa mwaka 2012 kwa ajili hii. Kujiandikisha ni bure. Msaidizi wa utafiti asisubiri kuwa daktari ndipo aipate.

Kuhusu akili mnemba, mjadala ulikuwa mfupi. Mwaka 2023 majarida ya Nature na Science yalitangaza kwamba programu haiwezi kuwa mwandishi, na sababu yake ni ule mzigo wa pili niliousema: haiwezi kuwajibika. Anayeitumia aseme ameitumia vipi, na makosa yawe yake.

Ugomvi ukishatokea, usitegemee jarida likuamulie. Wahariri hawana njia ya kujua nani alifanya nini kwenye mradi wa Morogoro au Bukavu, na miongozo yao inawataka wairudishe kesi kwa taasisi. Taasisi nayo ina mkubwa wako ndani yake. Ndiyo maana kazi yote ya haki iko mwanzoni, wakati bado watu wanapendana na hakuna matokeo ya kugombania. Kikao cha kwanza cha mradi, kabla ya kibali cha maadili, iandikwe karatasi moja: makala gani tunazitarajia, nani ataongoza ipi, nani atakuwa na jukumu gani, na mdodosaji au fundi wa maabara akifanya jambo fulani ataingia kwenye orodha ya waandishi. Kila mtu apate nakala, pamoja na dereva. Kazi ikibadilika, mtu akiondoka au akijitwisha zaidi, karatasi ifunguliwe tena. Na wasaidizi waandike daftari lao wenyewe: tarehe, nilipendekeza nini, nani alikubali. Yule dada hakuwa na daftari. Alipouliza, miaka miwili baadaye, hakuna aliyekumbuka kwamba lile swali lilitoka kwake, na mimi ambaye nilikumbuka sikuwa na cheo cha kusikilizwa.

Nimeirudia makala ya 1969 mara kadhaa, na kila mara husimama mahali pamoja. Osborne anasimulia kwamba aliporudi Dar es Salaam alimpa fundi kijana wa chuo kazi ya kulijaribu dai la Mpemba. Fundi akaleta majibu: kweli, maji yaliyoanza yakiwa moto yaliganda kwanza. Akaongeza kwamba wataendelea kurudia jaribio mpaka wapate jibu lililo sahihi. Osborne aliona maneno hayo yanafaa kuandikwa. Fundi huyo ndiye aliyekuwa wa kwanza kulithibitisha jambo hilo kwenye maabara ya chuo, na kwenye simulizi ile anaitwa fundi kijana tu.